Cherehani ya Mama Mbele ya Kadhi

Harufu ya mafuta ya cherehani hunirudisha Mutsamudu, mbele ya kadhi. Baba alikuwa amemwacha mama, akaizuia cherehani yake. Kisiwa kile kilikuwa kimejitenga na serikali ya Moroni, nasi tulitaka kurudi huko Moroni, kwao mama, kabla safari za meli hazijakatika.

“Niliinunua mimi,” baba alisema.

Kadhi akaomba shahidi. Bibi, mzaa baba, akainuka taratibu.

“Mwanangu hasemi kweli, Sheikh. Mkwe wangu alikuja nayo kutoka kwao.”

Baba aliinamisha kichwa. Kadhi akaamuru tupewe cherehani siku ileile.

Bandarini bibi alinikumbatia kwa nguvu. “Mama yako akushonee gauni la Idi, mjukuu wangu. Uje nikuone nalo.”

Njia zilipofunguka tena, nilikwenda kwa bibi nimelivaa gauni lile, ingawa lilikuwa limeshanibana.