Maana Niliyoitunga Asubuhi

Jina la binti yangu lina silabi tatu na halionyeshi kama mwenye nalo ni mwanamke au mwanamume. Sitaliandika hapa. Ninawajua watu wawili tu duniani wanaoitwa hivyo, na kuliandika ni sawa na kuwanyooshea kidole.

Alilichagua mke wangu, mimba ikiwa ya miezi saba. Tulikuwa tunaishi Mgololo, na mimi nilikuwa nafanya kazi ya kukata karatasi kiwandani. Shule niliishia darasa la saba. Niliyoyajua baada ya hapo niliyatafuta mwenyewe, kwa redio, kwa vitabu vya kuazima, na kwa kamusi mbili nilizozinunua zikiwa zimeshatumika. Karatasi zenye kasoro tuliruhusiwa kuchukua. Nilizishona kuwa madaftari, na kila neno nisilolijua nililiingiza humo. Mke wangu aliyaona madaftari hayo kuwa kichekesho.

Siku hiyo alikuwa anamenya viazi. Akaniambia, bila kuinua uso, kwamba mtoto awe wa kike au wa kiume, ataitwa hivyo.

"Mbona sijawahi kulisikia?"

"Ndiyo vizuri. Hakuna atakayemfananisha na mlevi fulani."

"Maana yake nini?"

"Sikwambii. Nikikwambia utakimbilia kamusi zako, halafu uje unisahihishe jina la mtoto wangu mwenyewe. Akizaliwa nitakwambia."

Nilikubali. Sikuona sababu ya kung'ang'ania jambo la miezi miwili.

Alijifungua asubuhi, mtoto akiwa mzima. Damu haikukatika. Mimi nilikuwa zamu, na nilipofika mchana mke wangu alikuwa ameshafunikwa uso. Muuguzi alinipa mtoto, kisha akaniuliza jina kwa ajili ya kadi. Nililitaja. Akaniomba nilirudie, akaliandika, akaniuliza ni la kabila gani. Hilo lilikuwa swali la kwanza la aina hiyo, na nilimjibu kama nilivyowajibu wengi baadaye, kwamba sijui.

Nilianza kutafuta mwaka huohuo. Sikuwa na haraka, nilikuwa na utaratibu. Baba yake mke wangu alikuwa Mbena, mama yake Msangu, na yeye mwenyewe alilelewa na bibi mmoja huko Makete, kwa Wakinga. Kwa hiyo nilianza na lugha tatu, kisha nikaongeza Kihehe, Kinyakyusa na Kisafwa. Nilitenga daftari zima, nikalichora safu nne: siku, aliyeulizwa, lugha, jibu. Safu ya nne ilijaa neno moja, "sijui", kutoka juu hadi chini.

Wapo waliojaribu kunisaidia zaidi ya uwezo wao. Katekista mmoja aliyestaafu alisema huenda ni mtakatifu wa zamani aliyesahauliwa. Muuza vitenge wa Iringa mjini, Mwislamu ambaye babu yake alitoka pwani, alilitamka mara mbili tatu kama mtu anayeonja mchuzi, akatikisa kichwa. "Hilo si la kwetu, mzee. Lingekuwa la kwetu ningeshaliona kwenye kanga." Shangazi wa mke wangu huko Chimala alinisikiliza mpaka mwisho, akanikaribisha wali, kisha akasema, "Mkwe, mwenzio alikufanyia utani, akafa kabla hamjaucheka pamoja." Jibu hilo nililiandika lote, ingawa halikuenea kwenye safu.

Niliyemtegemea zaidi alikuwa mdogo wake mke wangu. Walikuwa wamelala kitanda kimoja tangu utoto mpaka siku ya harusi yetu. Kama kuna mtu aliyesikia, ni yeye. Nilimuuliza mara tatu, kwa vipindi tofauti, nikidhani huenda kumbukumbu inahitaji muda. Mara ya tatu alikasirika. "Shemeji, nimekwambia sijui. Dada alikuwa na mambo yake. Unataka nikutungie?"

Nilimwambia hapana, sitaki. Nilikuwa namaanisha.

Binti yangu alipofika miaka tisa tulikuwa tumehamia Igowole. Nilikuwa nimeacha kiwanda na kununua shamba la viazi na miti. Igowole asubuhi za mwezi wa sita ni baridi kali, na sikupenda kupoteza kiberiti, kwa hiyo jioni nilikuwa nafukia makaa kwenye majivu na asubuhi nayafukua. Asubuhi moja nilikuwa nimechuchumaa kwenye mafiga napuliza, naye amesimama nyuma yangu na sare ya shule, sweta limevaliwa nyuma mbele.

"Baba, mwalimu amesema leo kila mtu aseme maana ya jina lake."

"Mwambie baba bado anatafuta."

"Nilimwambia hivyo jana. Wakanicheka. Wamesema mimi nina jina la mbwa."

Niliendelea kupuliza.

"Mama hakusema?"

Hapo ndipo nilipofanya nilichokifanya, na sina maelezo mazuri ya kukitetea. Kaa moja lilikuwa limeanza kuwa jekundu. Nikamwambia jina lake ni kaa la moto linalofukiwa kwenye majivu ili asubuhi nyumba isikose moto. Nikamwambia ni Kibena cha zamani sana, ambacho hata wazee wengi hawakijui. Hiyo sehemu niliongeza kwa makusudi, ili asiwepo wa kubisha. Na nikamwambia kwamba mama yake ndiye aliyenieleza hivyo, akiwa anamenya viazi.

Alirudi mchana anakimbia. Mwalimu alikuwa amewaambia wanafunzi wampigie makofi.

Kila mwaka nilijiambia akikua nitamweleza. Kwanza nilisubiri amalize darasa la saba, kisha kidato cha nne, kisha apone homa, kisha apate kazi. Yeye wakati huo alikuwa analijenga jina lake juu ya maneno yangu. Aliyaandika kwenye jalada la daftari, baadaye kwenye wasifu wa simu yake. Alipokuwa anashona nguo za watu Mbeya na mambo yakawa magumu, aliniambia kwa simu, "Usijali, baba, mimi si nimefukiwa tu." Nilicheka naye. Hakuwa na picha nzuri ya mama yake, hakuwa na sauti yake, hakuwa na nguo yake hata moja. Alikuwa na sentensi moja, na sentensi hiyo ni yangu.

Aliolewa na Mnyakyusa, wakapanga nyumba Soweto, mjini Mbeya. Aliposhika mimba akakataa kuambiwa jinsia ya mtoto. Alisema jina analo, lake mwenyewe, na linafaa vyovyote vile. Mama mkwe wake, mwalimu mstaafu wa Tukuyu, hakulipenda. Kwao kila jina linajulikana limetoka wapi: baraka, upendo, zawadi, furaha. "Sisi hatumwiti mtoto sauti tupu," alisema. Binti yangu akamweleza maana. Yule mama akaomba aelezwe tena, kisha akakubali kwa sharti moja, kwamba siku ya ubatizo babu mzaa mama atasimama mbele ya watu na kueleza yeye mwenyewe.

Nilipigiwa simu kuambiwa hayo nikiwa shambani. Mtoto alikuwa wa kiume, ana wiki sita.

Nilifika Soweto siku moja kabla ya ubatizo, alasiri. Kutoka Mafinga mpaka Uyole nilikuwa nimeipanga sentensi, nikaipunguza mpaka ikabaki na maneno matano. Nilimkuta binti yangu uani anamwogesha mtoto kwenye beseni. Akanipa taulo nishike.

"Kesho, baba, nakuomba. Usituanzie na Wabena walikotoka. Watu watakuwa na njaa. Sema jina, sema maana, kaa."

"Mwanangu," nikasema, "maana ile niliitunga mimi."

Aliendelea kumwagia mtoto maji mgongoni. "Maana ipi?"

"Ya kaa la moto. Mama yako hakuniambia. Alisema ataniambia ukizaliwa."

Mkono wake ulisimama, kisha ukaendelea. Alimgeuza mtoto, akamwosha shingoni, kwenye ile mikunjo, taratibu sana.

"Hakusema chochote?"

"Alisema uwe wa kike au wa kiume, ni hilo."

"Basi?"

"Na kwamba hakuna atakayekufananisha na mlevi."

Nilidhani angecheka. Alimtoa mtoto majini, nikalifungua taulo, akamweka kwenye mikono yangu bila kunitazama. Mtoto alikuwa analia. Nilimfuta nikaanza kueleza, kwa mpangilio, habari za safu nne, za Chimala, za muuza vitenge, na jinsi nilivyotafuta miaka yote hiyo. Nilijisikia nazungumza kama mtu anayetoa taarifa kwenye kikao. Akanikatiza.

"Nilipokuwa leba," alisema, "uchungu ulipozidi, nilikuwa namwona mama amekaa na viazi vyake, anasema lile neno. Nilikuwa namshikilia pale." Akamwaga maji ya beseni kwenye mchicha. "Kwa hiyo nilikuwa namshikilia nani?"

Nilimfunika mtoto miguu kwa ncha ya taulo.

"Nitamwambia mama mkwe wako mwenyewe," nikasema. "Kosa ni langu, atanilaumu mimi."

"Atakulaumu wewe, na mtoto ataitwa jina la kwao. Na mimi langu nitalipeleka wapi?" Akamchukua mtoto. "Kesho utasema vilevile ulivyoniambia."

"Siwezi kusimama mbele ya watu niseme uongo."

"Mbele yangu uliweza."

Akaingia ndani. Mimi nikabaki na taulo lililolowa, nikatafuta pa kulianika, kamba ikiwa imejaa nepi.

Kesho yake, baada ya kanisa, watu walikaa uani chini ya turubai. Ndizi zilikuwa zinanukia tangu jikoni. Mama mkwe alisimama, akanikaribisha kwa heshima kubwa, akisema mkwe wake ni mtu wa vitabu na hasemi asilolijua. Nilisimama. Nilikuwa nimeamua kufanya jambo moja dogo. Ningesema maana, lakini nisingesema imetoka kwa nani. Nilidhani hapo ningekuwa nimebakiza kitu.

Nilisema jina. Nikasema ni kaa la moto linalofukiwa kwenye majivu ili asubuhi nyumba isikose moto. Nikaanza kukaa.

"Samahani, mkwe, usikae kwanza," alisema mama mkwe, na hakuwa na nia mbaya. Alikuwa mwalimu anayetaka jibu lililokamilika. "Na marehemu mwenyewe, mama wa mama mtoto, ndiye aliyekuambia hivyo kwa kinywa chake?"

Nilimtazama binti yangu. Alikuwa anamtengeneza mtoto kofia, ingawa kofia ilikuwa imekaa vizuri.

"Ndiyo," nikasema.

Vigelegele vilipigwa. Mzee mmoja alinishika mkono kwa mikono yake miwili, akasema huyo mwanamke alikuwa na akili, ni hasara alikwenda mapema. Nikamwambia ni kweli. Hilo angalau lilikuwa kweli.

Kijana wa ukoo alikuwa amenirekodi, na kabla sijamaliza kunawa mikono video ilikuwa kwenye kundi la familia, Mbeya, Iringa, mpaka Makete. Nilipewa sahani. Nilikuwa sijaanza kula binti yangu alipokuja kwa haraka, simu mkononi, uso umebadilika. Sikuwa nimeuona uso ule tangu siku aliporudi kutoka shuleni anakimbia.

"Baba, sikiliza hii."

Ilikuwa sauti ya shemeji yangu, mdogo wake mke wangu, kutoka Igowole. Alikuwa analia na kucheka. Alisema hongereni, hongera shemeji, umenitoa machozi. Alisema ndiyo, hata yeye anakumbuka, dada alikuwa akisema hivyohivyo, kaa la moto, walipokuwa wamelala, alikuwa akilisema jina hilo na kucheka.

Binti yangu aliirudisha nyuma akaipiga tena.

"Umesikia? Mama mdogo anakumbuka."

"Nimesikia."

Akachuchumaa mbele ya kiti changu, akashusha sauti ili waliokaa jirani wasisikie. "Baba, siku ile ulifiwa. Ulikuwa umechanganyikiwa. Si inawezekana mama alikuambia, halafu ukasahau kwamba alikuambia?"

Ninajua kilichotokea. Ninajua alivyonijibu shemeji mara zote tatu, na ninajua kwamba alituma sauti ile baada ya kuitazama video. Ninajua pia kwamba hakuwa anadanganya. Alikuwa amesikia kitu kizuri kuhusu dada yake, na kumbukumbu yake ikakifungulia mlango. Yote hayo ningeweza kumweleza binti yangu, moja baada ya jingine, na hakuna hata moja ambalo angeweza kulipinga. Alikuwa ananisubiri, mkono mmoja juu ya goti langu.

Nikamwambia inawezekana.

Akasimama na kwenda haraka kumpigia mama mkwe wake sauti ile. Nilimwona yule mama akiinama kwenye simu, mkono sikioni, akiitikia kwa kichwa, huku mtoto amelala begani kwake na watu wakimwita kwa jina lake.