Pamba Safi Nyuma ya Kamba

Kuna mada moja ninayowafundisha wanafunzi wangu hapa Bariadi ambayo haimo kwenye muhtasari. Naiingiza mwenyewe, na kila mwaka naifundisha kwa hasira. Ni habari ya maonyesho makubwa ya dunia. Nawaeleza jumba la vioo lililojengwa London ili mataifa yaje kutambiana kwa mashine na mali ghafi. Nawaeleza mnara wa chuma wa Paris, kwamba ulisimamishwa kwa ajili ya maonyesho. Halafu nawapeleka Ubelgiji, ambako watu wa Kongo walijengewa vibanda kwenye bustani, wakazungushiwa uzio, na wenyeji wakawa wanakwenda na watoto wao kuwatazama wakipika. Wengine walifia hukohuko. Darasa huguna. Kila mwaka anatokea mwanafunzi wa kuuliza ni nani aliyewapeleka, na hapo huwa nageuka nikafuta ubao.

Mama yangu alikwenda kwenye maonyesho ya kimataifa. Si Ulaya; ni Dar es Salaam, kwenye viwanja vya maonyesho ya biashara, miaka ile soko lilipofunguliwa na kila mwenye lori na mizani akaruhusiwa kununua pamba. Sisi tulikuwa bado mkoa wa Shinyanga. Nilikuwa mwalimu mpya wa shule ya msingi, ninayeogopa kila mtu mwenye faili kwapani.

Mama alikuwa mchambuzi wa pamba. Kwa asiyejua, pamba ikitoka shambani huwekwa kwenye mkeka na kutenganishwa kwa mkono, donge kwa donge. Nyeupe isiyo na jani wala doa ni safi. Iliyoguswa na mdudu kangambili, iliyonyeshewa au iliyoanguka chini ni fifi. Chama cha msingi kilikuwa na bei mbili, ya safi na ya fifi, na karani alizamisha mkono hadi katikati ya gunia kuhakikisha hukumdanganya. Gunia la mama hakulizamishia mkono. Wanawake wa kijijini kwetu waliwaleta mabinti zao wanaokaribia kuolewa wakae naye siku mbili tatu wajifunze, maana mchumba asiyejua fifi alikuwa aibu kwa kwao.

Wakaja wanunuzi wapya. Wana haraka, wana redio kubwa kwenye lori, na wana bei moja. Safi, fifi, mchanga, vyote gunia moja na bei ileile. Msimu wa kwanza mama alipeleka magunia yake mawili yamefungwa mbalimbali kama alivyozoea. Kijana wa mizani akayamwaga yote kwenye rundo moja mbele ya macho yake, juu ya pamba ya jirani iliyolowekwa maji iongezeke uzito. Mama alirudi nyumbani. Kesho yake akachambua tena. Mpaka leo nikilikumbuka lile rundo natamani kumpiga mtu.

Kwa hiyo afisa aliyetumwa kutafuta mkulima wa kuuwakilisha mkoa kwenye maonyesho alipotokea kwetu, mama hakusita. Afisa alimweleza kwamba wanunuzi wa pamba kutoka nje watafika pale, wale wenyewe wenye viwanda, na kwamba atazungumza nao. Mama alikuwa na swali moja tu kwao. Alilisema nyumbani, akalisema kwa wenzake kanisani, nao wakaliongezea makali: nani kati yenu atanunua safi kama safi? Kama hayupo, semeni, tuache kuvunja migongo. Wanawake wa vijiji vitatu walikuwa wanalisubiri hilo jibu. Mimi niliteuliwa kuwa mkalimani, kwa kuwa mama alisema Kisukuma tu.

Tulipanda basi hadi Lamadi, tukapita Nyashimo hadi Mwanza, tukashika treni ya Dar es Salaam. Mama alibeba mafurushi mawili, moja la safi na moja la fifi. Hakukubali yakae pamoja hata kwenye behewa.

Kwenye banda la mkoa wetu tulipokelewa na afisa yuleyule, sasa amevaa tai. Mama alikuwa na gauni lake la Pasaka, la kitenge, lenye kola nyeupe aliyoipiga pasi kwa mkaa nyumbani kwa mwenyeji wetu. Afisa akamtazama kuanzia kichwani hadi miguuni, akatoa kaniki, shanga na kibuyu. "Mwambie mama avae hivi. Wageni wanataka kuona asili."

Mama alivaa. Wakamkalisha kwenye mkeka, wakafunga kamba mbele yake, wakaning'iniza kibao kinachokataza kugusa. Kisha afisa akalibeba lile furushi la fifi na kulisukuma nyuma ya pazia.

"Ng'wanone," mama akaniambia kwa Kisukuma, yaani mwanangu, "mwambie arudishe. Safi bila fifi ni pamba nyeupe tu. Mtu ataonaje kazi?"

Nilimwambia afisa. Akacheka. "Mwalimu, hapa tunaonyesha mazuri."

Kwa siku tatu mama alichambua pamba ambayo ilikuwa imeshachambuliwa. Alichukua donge safi upande huu akaliweka upande ule, kwa kuwa hapakuwa na kitu cha kutenga, na watu wakapita wakisifu vidole vyake. Watoto wa shule walipangwa mstari wamwone. Mwanamke mmoja wa mjini alimtupia peremende juu ya kamba. Niliiokota, nikaila ili mama asiione, na nilikuwa nimejaa hasira, lakini hasira ya kukaa kimya.

Siku ya nne wakaja wenyewe. Mzungu mmoja mrefu mwenye kiwanda, pamoja na mkurugenzi wa kampuni iliyokuwa inanunua kwetu, wapiga picha wawili, na afisa akiwatangulia kinyumenyume. Mzungu alichuchumaa mbele ya kamba, akavuta uzi wa pamba kati ya vidole gumba viwili akaupima urefu. Alikuwa anajua pamba, hilo sikumnyima. Akauliza kwa Kiingereza, afisa akanigeukia: "Anataka kusikia mama anasema nini."

Mama alikuwa amejiandaa tangu Bariadi. Aliinuka, akatengeneza kaniki begani, akawasalimia wote kwa heshima, mwadila, akasema neno lake. Halikuwa refu. Alisema yeye na wanawake wa kwao wanauliza nani atanunua safi kama safi. Alisema kijana wa kampuni anamwaga kila kitu rundo moja. Alimwelekezea mkurugenzi mkono, kwa adabu, akiwa amefungua kiganja. Akamalizia kwamba kama jibu ni hapana, anaomba aambiwe pale pale.

Wote wakaniangalia mimi. Afisa, aliyeuona ule mkono, alikunja uso na kunong'ona, "Angalia kibarua chako." Lakini sitaki kumbebesha afisa mzigo wangu. Kabla hajanong'ona nilikuwa nimeshaamua. Mkurugenzi alikuwa anatabasamu, kamera zilikuwa juu, na mimi nilitaka siku ile ipite vizuri. Nikasema kwa Kiswahili, "Mama anashukuru sana kwa kufika kwenu. Anawakaribisha Bariadi."

Afisa akatafsiri kwa Kiingereza. Wakapiga makofi. Mzungu akampa mama mkono juu ya kamba, taa za kamera zikawaka, wakasogea banda la pili penye asali.

Mama aliendelea kusimama. Hakuwa anakisema Kiswahili, ila alikuwa amekisikia kwenye misa kila Jumapili tangu aolewe. Kushukuru alikujua. Kukaribisha alikujua. Alinitazama, akakaa, akaendelea kuhamisha pamba upande huu kwenda ule.

Njiani kurudi hakuninyima chakula wala maneno ya kawaida. Aliniuliza kama nasikia baridi, akanipa khanga yake. Mimi nilikaa nikijisemea moyoni kwamba bado nina nafasi ya kumwomba radhi. Tabora ikapita, Shinyanga ikapita, na mimi nimeshika khanga.

Tulipofika, wanawake walikuwa wamejaa uani, wameacha mikeka yao, mikono bado ina pamba. Baba alitoka ndani akampokea mafurushi, akayapima kwa mkono, akashangaa kwamba la fifi limerudi halijafunguliwa. Akauliza walichokuwa wanakisubiri wote. "Wamejibu nini?"

Mama alinitazama mara moja, kisha akawageukia wenzake.

"Hawakuulizwa," akasema.