Kikengele cha Mama

Kila mara nikisikia harufu ya maharagi inaiva ku moto ya mukaratusi, namukumbuka mama na kikengele yake. Bamama bengi ba Butembo balikuwa nabyo: bakikipiga, mutoto mwenye kusikia anaona siku muzima inapita kama dakika, njaa haimukamate.

Siku moja mama alinipeleka Musienene kwa tantine, dada ya baba. Maharagi ilikuwa ku moto. Akapiga kikengele karibu na sikio yangu.

“Usilie, mwana wangu. Mbele sauti iishe, nitakuwa nimerudi.”

Alirudi kweli, sauti ingali inalia. Lakini robe yangu, yenye asubuhi ilikuwa inafunika magoti, ilikuwa imenipanda ku mapaja, na mama alishika mukono ya katoto kenye kujua kutembea.

“Mama, uyu ni nani?” kakauliza.

 Mama akainua kikengele tena, karibu na sikio yangu.