Barua za Ajali

Mwaka 1999 Emerance alikuwa mpiga taipu katika ofisi moja ya serikali pale Kamembe, mji wa Rwanda ulio mpakani na Kongo. Alikulia Bukavu, ng'ambo ya mpaka, akarudi Rwanda baada ya mauaji ya 1994. Kwa kuwa alikuwa na mkono mwepesi na mdomo mzito, mkuu wake, Munyemana, alimpa kazi ya siri: kuziandikia familia za askari wa Rwanda waliokufa vitani Kongo. Barua zote zilisema kijana wenu amefariki kwa ajali ya gari. Kongo isitajwe.

Aliandika, akanyamaza. Mpaka siku alipoletewa jina la Ganza, mtoto wa jirani yake Nyirabagenzi.

"Papa, huyu ninamujua," alimwambia Munyemana. " Niliona akivuka mto Ruzizi kwenda Kongo na benzake wa jeshi. Ajali gani?"

"Andika tu, maman. Vita haikuhusu."

Akaandika. Siku mbili baadaye alimkuta Nyirabagenzi barabarani, barua mkononi, akiuliza kila apitaye: "Hiyo gari ilikuwa ya nani? Iliangukia wapi?" Watu walitazama chini. Emerance naye alitazama chini, na hilo ndilo lililomchoma zaidi.

Wiki ile alificha nakala za kaboni ndani ya kitenge, akampa Habineza, mwandishi wa gazeti dogo la Kigali. Habari ikatoka. Kabla ya saa sita watu wa usalama walikuwa wamezoa magazeti yote mjini, na Habineza yuko ndani. Walimpiga amtaje aliyempa. Hakumtaja.

Munyemana akawakusanya wafanyakazi. "Nani amesaliti nchi?"

Emerance akasimama. "Barua niliandika mimi, na nakala nilitoa mimi. Bongo, ule uongo wa ajali, ni yenu. Muachilie ule muntu."

Hawakumwachilia. Habineza alikaa gerezani mwaka mzima, Emerance miezi saba. Gazeti lilifungwa. Munyemana alipandishwa cheo.

Alipotoka, Emerance alikwenda kwa Nyirabagenzi, akamweleza kila kitu.

"Siku ile ulijua, ukaniangalia tu?"

"Nilijua, maman."

Nyirabagenzi akambamizia mlango.

Kesho yake asubuhi alikuja mwenyewe kumgongea. Alikuwa amevaa viatu vya kanisani, macho mekundu. "Toka. Tunaenda kuwauliza walimuzika wapi."

Wakaenda ofisi ile ile iliyotoa barua. Mlinzi wa getini akawaambia faili la Ganza ni siri ya serikali.

"Siri?" Nyirabagenzi alifoka, barabara nzima ikasikia. "Nilimubeba miezi tisa! Siri ya nani?"

Walirudi pale kila Jumatatu kwa miaka minne. Kaburi hawakuonyeshwa.