Unga Usiotiwa Mafuta

Juzi nilifungua mfuko wa unga wa muhogo nilionunua Morse Road, hapa Columbus, Marekani, na ile harufu yake ya uchachu ikanirudisha Buffalo, nikiwa na miaka tisa na dhambi moja kubwa.

Nilikuwa nimekata kitenge kipya cha mama ili nimvishe mwanasesere wangu. Mama alipokikosa kambani, akamshuku jirani wa ghorofa ya juu, Mkongo mwenzetu. Aliponiuliza, niliapa kwa jina la Mungu kwamba sijui kitu. Habari ikafika kanisani, na wiki ile wamama wa kanisa waliacha kumsalimia jirani. Yeye, aliyenisuka nywele kila Jumamosi bila kuniumiza! Nilimsikia akipanda ngazi peke yake.

Likizo ilipofika mama alinipeleka kazini kwake Cheektowaga, kwa mzee wa Kiyahudi aliyetunzwa naye. Mzee alikuwa amefundisha sheria za dini yao maisha yake yote, na sasa alimfundisha yeyote aliyekaa karibu. Mama akichemsha viazi jikoni, mzee akanieleza sadaka za zamani za hekaluni. Aliyeapa kwamba hajui jambo, kumbe analijua, alileta kondoo; akikosa kondoo, njiwa wawili; akikosa njiwa, unga kidogo. Unga huo haukutiwa mafuta wala ubani, maana dhambi hairembwi. Na ukimkosea binadamu, alisema, usimsumbue Mungu kabla hujamwendea mwenyewe.

Nililia palepale. Hakuniuliza kitu, alinipa leso tu. Mpaka leo namheshimu kwa hilo.

Jioni nilichota unga wa muhogo, nikautia kwenye bakuli, nikapanda ngazi. Nilikuwa na visingizio tele, lakini mlango ulipofunguka nikaviacha.

“Ni miye nilikata kitenge. Nikaapa uongo.”

Jirani aliniangalia sana. “Donc, uliniacha nibebe zambi yako?”

“Ndiyo, mama.”

“Bon. Ita mama yako. Asikie kwa kinywa yako, hapa.”

Mama alisikia, akapiga magoti. Jirani akamwinua, akasonga ule unga, tukala watatu kwa sombe, yale majani ya muhogo.

Mzee amefariki, jirani kahamia Louisville, na nyumba ile imebomolewa. Nawakumbuka hadi moyo unauma. Juzi, bugali ulipoiva, nilimwita mwanangu, niliyekuwa nimemgombeza asubuhi kwa kosa lisilo lake. Nilitaka kumweleza uchovu wangu na zamu za kazini. Nikayaacha hayo, nikamwambia, “Nilikukosea.” Sikuongeza neno.