Kiatu cha Mheshimiwa

Majina ya watu sitaandika, lakini cheo si jina. Ploti yangu ya Kitengela iliuzwa mara ya pili na MCA wetu, mheshimiwa diwani wa kaunti, pamoja na sorveya wake, yule mpima ardhi. Tingatinga iliangusha nyumba asubuhi, chai ikiwa bado kwa jiko. Halafu wakasema sikuwahi kuwa na ploti pale, eti hakuna bikoni hata moja, yale mawe ya simiti ya mpaka, yenye namba yangu. Tatu walikuwa wameng'oa. Ya nne ilikuwa imefunikwa na vifusi vya nyumba yangu.

Ndipo wakaja watu wa kipindi cha runinga, kile cha siasa na shida za miji yetu. Mtangazaji alikuwa amepakwa poda kama andazi.

"Mama, sema 'wahusika'. Usitaje mtu."

"Mhusika si ndiye huyo anajipanguza viatu?"

"Hiyo tutakata."

Wakakata kweli, na mimi wakanipeleka nyuma ya gari lao. Mheshimiwa naye akaondolewa vifusi ili asimame pazuri. Kwa vile ni mfupi, mpiga picha akamwambia apande kitu.

Jumapili mchana nikaenda kutazama hicho kipindi kwa runinga ya bucha. Niliongea karibu nusu saa. Wakanionyesha nikipangusa pua. MCA akapewa kipindi kizima.

"Mama yetu tunampenda," akasema, mkono kifuani. "Lakini ploti yake haiko hapa. Kwani nyinyi mnaona bikoni?"

Muuza nyama akaacha kukata mbavu. "Mama, hebu ona amekanyaga nini!"

Kamera ilikuwa imeshuka kwa viatu vyake vya kung'aa. Chini yake, jiwe. Na kwa jiwe, namba niliyochora mwenyewe na msumari simiti ikiwa mbichi. Sijasoma sana, lakini hiyo naisoma hata nikiwa na homa.

Nilimwambia muuza nyama aniwekee hiyo video kwa simu, ya kupeleka Kajiado kwa ofisi ya ardhi kesho yake. Halafu nikakimbia kwa ploti na kiti changu cha plastiki, nikakiweka juu ya jiwe, nikakaa.

Haikupita saa moja, wakafika vijana wawili wa sorveya na sururu.

"Mama, songa kidogo. Tumetumwa tuchimbe hapo."

"Mchimbe nini? Mheshimiwa si amesema hapa hakuna kitu?"