Kipande Alichoomba Kitolewe

Wakati huo nilikuwa nahariri video za harusi na mazishi katika chumba kimoja hapa Eldoret, juu ya duka la dawa za mifugo. Nilikuwa nimehama kutoka Kisumu miaka michache kabla. Siku moja akapanda ngazi mama wa Kifaransa, mwenye mvi na sweta la kijivu, akauliza kwa Kiingereza kama najua Kiswahili vizuri. Alikuwa mhariri wa filamu. Alitaka mtu wa kumtafsiria.

Filamu yenyewe ilimhusu mjane mmoja mkulima wa viazi huko Burnt Forest. Tulikaa miezi miwili mbele ya kompyuta, na katikati ya kazi akanieleza maisha yake. Alianza akiwa msichana, kazi yake kuokota vipande vya filamu sakafuni na kuvitundika kwa mpangilio. Ilimchukua miaka saba kuruhusiwa kukata picha moja. Baadaye alihariri filamu nyingi, akazeeka ndani ya vyumba visivyo na madirisha. "Watu hawanijui," aliniambia, "na hivyo ndivyo ninavyopenda."

Wapiga picha walipomhoji, mimi nikitafsiri, yule mjane alisimulia jinsi nyumba yake ilivyochomwa wakati wa vurugu za uchaguzi. Akasema alimwona kijana wa jirani akiwa na kiberiti. Kamera ilipozimwa, alinishika mkono. "Mwanangu, hiyo ya jirani uitoe. Huyo kijana sasa ni mtu mzima, ndiye ananilimia shamba kwa trekta yake. Tulishasameheana."

Nikamwambia, "Sawa, Mama."

Lakini Mfaransa alipofika kwenye kipande hicho, aliondoa mkono kwenye kipanya. Akasema katika miaka yake yote hajawahi kuona uso kama ule. Filamu nzima akaijenga juu yake. Mimi nilikuwa nimekaa kando yake kila siku, na kila siku nilijiambia nitamwambia kesho. Ukweli ni kwamba nilitaka jina langu liwe kwenye filamu nzuri.

Tuliionyesha kwanza katika ukumbi wa kanisa kule Burnt Forest, Jumapili baada ya ibada. Yule jirani wa trekta alikuwa amekuja na mke wake na watoto. Kipande kile kikafika. Yule mwanaume akasimama, akamshika mtoto wake mdogo mkono, akatoka. Mjane hakumtazama. Alinitazama mimi.

Mfaransa aliona. Akaniinamia. "Mama alikuwa ameomba tusikionyeshe kipande hicho?"

"Ndiyo."

"Wewe ulijua?"

"Nilijua."

Hakunigombeza. Filamu ilipoisha alienda mbele, akaniita nimtafsirie. Akasema, "Mama huyu aliomba kitu, na hakusikilizwa. Mimi ndiye niliyekata filamu hii. Kosa ni langu." Nikayasema maneno yale kwa Kiswahili, moja baada ya jingine, kwa sauti ya kusikika hadi nyuma. Sikuongeza langu hata moja. Nilikuwa na nafasi, watu wote walikuwa wananiangalia, lakini nilitafsiri tu, kisha nikakaa.

Alikitoa kipande kile wiki hiyo hiyo. Wenye filamu walikasirika, wakampa mtu mwingine kazi ya kuimalizia. Aliporudi kwao hakuhariri tena. Miaka miwili baadaye binti yake aliniandikia kwamba amefariki, na kwamba alikuwa akinitaja kwa wema.

Mwaka jana nilikwenda kwa yule mjane kuungama. Alinisikiliza akiwa anachambua viazi vya mbegu, asinikaribishe kiti. Nilipomaliza akasema, "Yule Mzungu alikuja hapa kwangu siku ya pili, peke yake, akaomba msamaha kwa ishara za mikono tu. Nikamsamehe. Wewe na Kiswahili chako chote ulikuwa wapi?"

Nikaaga, nikaondoka. Jirani siku hizi humsalimia njiani, lakini shamba la mjane sasa hulimwa na mtu wa kukodi kutoka Cheptiret.